Ona, Nasi Tuone

Ndugu wasomaji, mnajua wote desturi ya meko zetu. Usiku ukiingia, ndizi zimekwisha kuliwa na vyombo vimekwisha kuoshwa, bibi huketi juu ya majani yaliyotandikwa nyumbani, na watoto humzunguka. Naye haianzi hadithi peke yake kama mtu asemaye na ukuta. Husema kwanza ya kuwa atawapa hadithi. Husema tena ya kuwa alikuja, akaona. Nao humjibu wote kwa sauti moja: Ona, nasi tuone. Ndipo hadithi hupata ruhusa ya kwenda.

Maneno hayo tumeyajibu tangu utoto mara zisizohesabika, wala hatukuyafikiri. Mgeni ndiye aliyetufikirisha. Bwana Peter Seitel, mtaalamu wa Marekani, alikaa katika Buhaya mwishoni mwa miaka ya 1960, akawasikiliza wasimulizi, akanasa sauti zao katika mashine. Mwaka 1980 Chuo Kikuu cha Indiana kikampigia chapa kitabu cha hadithi hizo pamoja na maelezo yake. Akakiita See So That We May See, yaani maneno yaleyale ya wasikilizaji, wala si ya msimulizi. Twaona ya kuwa katika jina hilo peke yake amefahamu jambo ambalo waalimu wengi hatujalifahamu, ingawa tumezaliwa nalo.

Kwa hiyo twapenda leo kukipima kitabu hicho, na kukilinganisha na vitabu viwili vingine wanavyovijua wasomaji wengi, yaani Msafiri cha John Bunyan na Kusadikika cha Shaaban Robert. Vyote vitatu vyatupeleka katika nchi zisizokuwako, na kila kimoja chataka tutoke huko tumejifunza. Swali letu ni hili: Je, mtu aweza kufundishwa kweli katika nchi ya ndoto? Na akiweza, yampasa mwalimu afanye nini ili ndoto hiyo isigeuke kuwa hila? Swali hili si la kupitishia wakati. Sisi wenyewe tulipata kulijibu vibaya, na aliyelipa gharama alikuwa mtoto. Habari yake tutaieleza bila kujificha.

Yafaa tuanze na ndoto za usingizini, maana watu husema mengi juu yake. Kila kijiji kina mtu asemaye ya kuwa yeye na ndugu yake wameota ndoto moja usiku mmoja. Wataalamu nao wameichunguza habari ya ndoto kwa bidii. Mwaka 1913 Frederik van Eeden, mganga na mwandishi wa Uholanzi, aliandika juu ya ndoto ambazo mwotaji ajua, hali amelala, ya kuwa anaota, akazipa jina. Wengi hawakusadiki. Walakini mwaka 1975 katika mji wa Hull, Uingereza, Keith Hearne alimlaza mtu mmoja penye vyombo vya kupimia usingizi, wakiwa wamepatana ya kuwa akijijua ndotoni atatoa ishara kwa kupeleka macho kushoto na kulia. Ishara ikaja, na mtu yu katika ndoto bado. Tena mwaka 2021 wataalamu wa Marekani, Ufaransa, Ujerumani na Uholanzi walitoa habari ya kuwa wamewauliza waliolala hesabu ndogo ndogo, kama nane toa sita, na baadhi yao wakajibu sawasawa kwa macho pasipo kuamka.

Haya ni ya ajabu. Lakini angalieni mpaka wake. Aliye macho amesema na aliyelala; hakuna bado aliyethibitisha ya kuwa watu wawili waliolala wameingia shamba moja la ndoto, wakaonana humo, mmoja akamfundisha mwenzake. Usingizini kila mtu huenda peke yake. Hata katika Maandiko, mfalme Nebukadneza alipowataka wenye hekima wa Babeli wamwambie ndoto yenyewe, wala si maana yake tu, walimjibu ya kuwa jambo hilo halimo katika uwezo wa wanadamu. Danieli hakudai kuwa ni ufundi wake. Aliwaomba rafiki zake waombe pamoja naye, siri ikafunuliwa usiku, naye akakiri mbele ya mfalme ya kuwa imetoka kwa Mungu. Basi anayetafuta shule ya ndoto ambamo watu wengi huota pamoja, asiitafute kitandani.

Lakini shule hiyo ipo. Ipo mekoni, na wanafunzi wake wako macho.

Tazameni mambo matatu yaliyomo katika hadithi zetu. La kwanza ni ruhusa. Wasikilizaji si mitungi ya kutiliwa maji. Wao ndio wanaomtuma msimulizi aende akaone kwa ajili yao. La pili ni kujua. Mtoto anayejibu Ona, nasi tuone, ajua ya kuwa sungura hasemi na simba hachumbii. Amekubali kuota huku macho yake yako wazi, na hilo ndilo lile walilolitafuta wataalamu kwa vyombo vyao, yaani kuwa ndotoni na kujua ya kuwa ni ndoto. La tatu ni kurudi. Mara nyingi msimulizi hufunga kwa kusema ya kuwa alipoyaona mambo yamefika hapo, aliyaacha, akaja kutoa habari. Mlango uliofunguliwa hufungwa, wala hakuna anayeachwa ng'ambo.

Wenzetu wa pwani nao wana Paukwa, na kujibiwa Pakawa. Wana mwito wa hadithi, na kujibiwa Hadithi njoo. Wao huiita hadithi ije barazani, na sisi humtuma mtu aende akaione iliko. Hatusemi moja ni bora kuliko nyingine. Twasema ya kuwa pwani na bara wazee walikubaliana jambo moja, ya kuwa hadithi isiyojibiwa si hadithi.

Chukueni mfano wa msichana aliyewakataa wachumba wote wa kijijini, akampenda mgeni mzuri asiyejulikana kwao. Hadithi hii husimuliwa kwa namna nyingi katika nchi zote zinazozunguka ziwa letu. Wakaenda njia ndefu, na kila walipovuka mto mgeni akazidi kugeuka mnyama. Bibi aliyetusimulia sisi hakusema, "Enyi wasichana, msidanganywe na sura." Aliimba wimbo wa msichana akimwita kaka yake, nasi tukaitikia. Katika kuimba kila mtoto alikuwa msichana yule, na kila mtoto alikuwa pia kaka aliye mbali asiyesikia. Wavulana hawakuwa na raha, maana walijua ya kuwa kusikia ni kazi yao. Kesho yake kisimani tuliwasikia dada zetu wakiulizana juu ya mgeni fulani aliyepita barabarani, "Miguu yake je, mmeitazama?" wakacheka sana. Hakuna aliyewapa somo, nalo somo walikuwa nalo.

Sasa tukirudi kwa kitabu cha Seitel, sifa yake ya kwanza ni ya kuwa hakuzifanya hadithi kuwa insha. Watu wengi waliotangulia kuandika hadithi za Kiafrika walizinyosha, wakaondoa marudio, wakaondoa nyimbo, wakaweka mwishoni sentensi ya maonyo. Yeye alipanga maneno kwa mistari mifupi kwa kufuata pumzi ya msemaji, na kwa namna ya kuchapa akaonyesha mahali sauti ilipopanda, iliposhuka na ilipoimba. Msomaji aweza karibu kumsikia mama akinyamaza kidogo kabla ya kutaja jina la mnyama. Sifa ya pili ni ya kuwa alikusudia kuzieleza hadithi kwa mambo ya Wahaya wenyewe, yaani nyumba, ndoa, chakula na ukarimu, tena kwa mithali zetu, wala hakuleta tu fikira za kwao. Kazi hiyo akaiendeleza katika kitabu kingine, The Powers of Genre, cha mwaka 1999, kielezacho mithali, hadithi na nyimbo za mashujaa zinazoimbwa kwa nanga. Juu ya nyimbo hizo za nanga, Profesa M. M. Mulokozi, mzaliwa wa nchi yetu ya Bukoba, naye aliandika tasnifu yake ya mwaka 1986 katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Twataja hayo ili mtu asiseme ya kuwa mali ya Buhaya imetunzwa na wageni peke yao.

Lakini mhakiki asiyeona kasoro ni shahidi wa kununuliwa, kwa hiyo na kasoro tuzitaje. Kitabu ni cha Kiingereza. Mama aliyesimulia, kama angalikuwa hai leo akaletewa kitabu hicho, asingaliweza kukisoma. Mjukuu wake aliyefika darasa la saba naye angalikisoma kwa taabu. Tena katika kurasa zile jibu la wasikilizaji limelala kimya. Limeandikwa, lakini hakuna anayelingojea. Msomaji aweza kulipita kwa jicho na hadithi ikaendelea bila ruhusa yake. Na baada ya hadithi yaja maelezo marefu, mazuri kweli, nasi twaogopa mwalimu mvivu atayasoma maelezo, aiache hadithi, kama mtu anayekula mchuzi akasahau ndizi. Haya hatumlaumu nayo mwandishi. Aliwaandikia wataalamu, na alilolifanya kwa ajili yao alilifanya kwa uaminifu. Twajilaumu sisi. Yeye alisafiri kutoka ng'ambo ya bahari aje kusikia yale ambayo sisi tuliyaacha chumba cha pili tukatoka kwenda kuwasha redio.

Tuje kwa Bunyan. Mtu huyu alikuwa fundi wa kutengeneza masufuria, Mwingereza, aliyezaliwa 1628, akafungwa gerezani Bedford tangu 1660 kwa miaka kumi na miwili kwa sababu ya kuhubiri bila idhini. Kitabu chake kilitoka 1678. Bibi Isabel Hofmeyr wa Afrika Kusini, katika kitabu chake cha 2004, ameeleza ya kuwa kimefasiriwa katika lugha zipatazo themanini za Afrika, nacho kilikuwa katika shule za misheni karibu kama ndugu mdogo wa Biblia. Mwandishi asema tangu mwanzo ya kuwa alilala akaota ndoto, na mwisho asema ya kuwa ameamka. Hapo twaona ukweli wake. Hakudai ya kuwa Mji wa Uharibifu uko mahali fulani, wala hakumwambia mtu auze shamba lake aende akautafute mlango mwembamba kwa miguu. Alituambia ya kuwa ni ndoto, akatuachia sisi kuamka na kutafuta njia yenyewe. Tena kabla ya kuamka ana ujasiri wa kutisha: atuonyesha ya kuwa hata penye lango la Mji wa Mbinguni pana njia iendayo shimoni. Mwalimu dhaifu angalimaliza kwa nyimbo za furaha tu.

Hata hivyo Bunyan aota peke yake, nasi twamtazama akiota. Tena majina yake yasema yote kabla hatujaona. Mtu akiitwa Ujinga, nina haja gani ya kumchunguza? Nimekwisha kuambiwa. Kosa hilohilo, kama ni kosa, limo katika Kusadikika. Shaaban Robert, aliyezaliwa karibu na Tanga mwaka 1909 na kufariki 1962, alitoa kitabu hicho mwaka 1951. Nchi ya Kusadikika yaelea hewani, na hilo twaambiwa mapema, hata tusidanganyike. Karama ashtakiwa kwa kuwa amefundisha watu elimu ya sheria, na mshitaki wake ni Majivuno. Naye hajitetei kwa hoja tupu. Asimulia mahakamani, siku baada ya siku, habari za wajumbe waliotumwa Mashariki, Kaskazini, Magharibi, Kusini, mbinguni na ardhini, wakarudi na mafundisho mema, wakalipwa gereza. Mwisho wake twaujua.

Majina yale, Majivuno na Karama na wengine, yapunguza kazi ya msomaji. Bibi wa mekoni hakumwita mgeni yule Bwana Hila. Alimwita mgeni mzuri, na ubaya wake tuliuona wenyewe mto baada ya mto. Elimu tuliyoiona wenyewe haitoki upesi. Walakini Shaaban Robert ana jambo moja ambalo Bunyan hanalo, na kwa ajili yake twamweka karibu zaidi na meko zetu: katika kitabu chake wamo wasikilizaji. Mahakama nzima yaketi, yasikia, yakasirika, yaguna, na kidogo kidogo yageuka. Kila siku wanaporudi kusikia, ni kama wamejibu, Ona, nasi tuone. Majivuno alitaka mwalimu anyamazishwe. Watu walipokubali kuota pamoja naye, waliamka wakiona udhalimu wao wenyewe. Tena tukumbuke ya kuwa kitabu kilitoka wakati nchi hii ilikuwa chini ya utawala wa kigeni. Jambo lisiloweza kusemwa juu ya nchi iliyo chini ya miguu liliweza kusemwa juu ya nchi ieleayo hewani. Katika kitabu chake kingine, Kufikirika, kilichotolewa 1967 baada ya kufa kwake, mwandishi huyu arudi tena katika nchi ya kubuni, na humo amtia mwalimu wa mwana wa mfalme na mashindano juu ya namna ya kufundisha. Twadhani alijua vema ya kuwa nchi ya ndoto ni darasa.

Sasa tuseme habari ya mtoto. Katika shule moja ambayo hatuitaji, mmoja wetu aliwapa wanafunzi insha: Eleza safari uliyokwenda. Wengi waliandika safari ya Bukoba mjini, basi, vumbi, soko na kurudi, zote zikifanana kama mayai. Msichana mmoja aliandika ya kuwa alikwenda na bibi yake chini ya ziwa, kwa Mugasha, ambaye wazee wa kale walimsema kuwa mwenye ziwa na dhoruba. Akaeleza ya kuwa nyumba ya huko imetandikwa majani kama ya kwetu, ya kuwa alipewa kahawa ya kutafuna kama mgeni mkubwa, na ya kuwa alimwuliza bibi yake mbegu za maharage ameziweka wapi, bibi akamjibu, lakini maji yakaingia masikioni asisikie. Mwalimu alichukua kalamu nyekundu, akaandika sehemu ya juu neno moja: Uongo. Akampa sifuri. Tena akamsomea mbele ya darasa, wenzake wakacheka.

Baadaye mama yake alikuja shuleni kwa jambo jingine, akatuambia kwa upole ya kuwa bibi wa mtoto alikufa mwezi ule, na ya kuwa mtoto ndiye aliyekuwa akilala naye na kumjibu hadithi kila usiku. Mbegu za maharage hazikuonekana kweli. Bibi alizificha kwa kuogopa panya, akafa hajasema. Hatukuwa na neno la kumjibu mama yule. Mtoto aliendelea na shule, lakini tangu siku ile insha zake zilikuwa basi, vumbi, soko na kurudi. Alipata alama nzuri. Kila tulipompa alama hizo tulijua ya kuwa twailipa hasara yetu wenyewe.

Je, alisema uongo? Mwongo ni mtu anayetaka usijue ya kuwa umo ndotoni. Mtoto yule hakumficha mtu. Alisema, kwa namna aliyofundishwa na bibi yake, ya kuwa alikuja akaona, akangoja tumjibu. Sisi tuliokuwa na mapokeo yale mdomoni tangu kunyonya, hatukumjibu. Alituomba tuone pamoja naye huzuni yake, nasi tukaihesabu makosa ya herufi.

Twajua ya kuwa wako ndugu watakaotupinga. Watasema, "Mambo ya Mugasha ni ya upagani, na ndoto ni mlango wa kupotezwa. Mwataka kuturudisha nyuma?" Pingamizi hili si dogo, na sisi hatulicheki. Ndoto zimeua watu, tena karibu na kwetu. Tarehe 17 Machi 2000, huko Kanungu, kusini-magharibi mwa Uganda, wafuasi wa kundi lililojiita la Kurudisha Amri Kumi za Mungu waliteketea kwa moto ndani ya nyumba iliyofungwa, na baadaye maiti nyingine zikafukuliwa mahali pengine. Wote pamoja walikuwa mamia, wazee, wanawake na watoto. Viongozi wao walidai kuona maono na kupewa ujumbe, wakatangaza mwisho wa dunia. Watu wakauza mali zao, wakafuata. Ndoto ya watu wachache ikafanywa kuwa nchi ya watu wote, na mlango wake haukufunguliwa tena.

Lakini lichunguzeni jambo hilo kwa kipimo cha mekoni, mtaona tofauti. Ruhusa haikuwako, maana asiyetii alitishwa. Kujua hakukuwako, maana maono yaliletwa kama amri, wala hayakuletwa kama mfano. Kurudi hakukuwako, maana walikwisha kuuza vya kurudia. Tena liko jambo la nne, nalo latutetemesha kuliko yote: katika kundi lile wafuasi walikatazwa kuzungumza, wakawasiliana kwa ishara za mikono. Watu waliozimwa sauti wasingaliweza kumwambia kiongozi, Ona, nasi tuone, wala wasingaliweza kumwuliza, "Umeona nini hasa, mbona sisi hatuoni?" Jibu la wasikilizaji lina kazi mbili. Ni ruhusa, tena ni ulinzi. Anayezoea tangu utoto kujibu hadithi azoea pia kujua mahali hadithi inapoanzia na mahali inapokwishia. Mtoto aliyenyimwa ndoto za wazi za mekoni haokoki na ndoto. Azikuta ukubwani, gizani, mikononi mwa wenye hila, naye hana mazoea ya kuzipima.

Kwa hiyo hatusemi watu wamwamini Mugasha, kama vile Bunyan hakutaka tusadiki ya kuwa jitu Kukata Tamaa lina ngome mahali fulani Uingereza. Twasema waalimu na wazazi waijue tofauti ya hadithi na uongo, na waifundishe kwa kuitenda.

Katika shule zetu jambo hili ni rahisi, wala halihitaji fedha. Mwalimu asomapo hadithi, asome kwa sauti, aachie watoto nafasi ya kujibu, aimbe panapoimbwa. Asianze kwa kuwaambia somo la hadithi, maana huko ni kumpa mtu kokwa akalimeza kabla hajaliona tunda. Akimaliza, aufunge mlango, kisha aulize, "Mmeona nini?" wala asiulize kwanza, "Tumejifunza nini?" Watakayoyaona hayatafanana, na katika kutofautiana kwao ndimo elimu imo. Na mtoto akileta safari ya chini ya ziwa, mwalimu aweke kalamu nyekundu chini, amjibu kwanza lile neno la mekoni. Kusahihisha herufi kutafuata baadaye, nako ni kwa lazima pia. Hatutaki mtu atusingizie ya kuwa twadharau herufi.

Wazee husimulia ya kuwa Wamara na wenzake walisafiri mpaka nchi ya chini, kwa Kintu. Wakapokewa vizuri, wakapewa ng'ombe na mbegu, wakaagizwa wasisahau kurudisha shukrani. Wakapanda juu, mbegu zikaota, ng'ombe wakazaa, nao katika kushiba wakasahau. Ndipo Kintu alipomtuma Kifo aje kudai deni. Hatuitaji hadithi hii ili mtu aogope watu wa chini. Twaitaja kwa sababu tulipoisikia tena hivi karibuni, tulijiona wenyewe. Sisi tuliosoma tulishuka katika nchi ile kila usiku wa utoto wetu, mkono katika mkono wa bibi, tukapanda na mbegu: kusikiliza, kupima, kumhurumia mtu tusiyemjua, kujua mgeni ajapo na miguu ya mnyama. Kwa mbegu hizo tulishinda mitihani, tukapata kazi, tukajenga nyumba za bati. Bibi zetu wanakufa mmoja mmoja, wala hatujarudisha shukrani. Deni hilo nalo linadaiwa, na kilichoagizwa kulichukua ni usahaulifu.

Basi, ndugu msomaji, kama nyumbani kwako yuko mzee ambaye bado aweza kusema ya kuwa alikuja akaona, leo usiku zima redio. Keti karibu. Unalijua jibu lake.